Mmatumbi Wangu Mwenye Dungu

Kama hujatukanwa na Bibi Shamba, usiseme umefika Kibiti, sema umepita tu. Mabasi ya kusini yanapita kila siku na hakuna anayejali. Lakini ukiacha lami nje kidogo ya mji, upande wa kwenda Ikwiriri, ukashika njia ya mchanga inayoteremkia bondeni katikati ya mikorosho, utafika kwenye ua wa makuti unaolindwa na bata mzinga mwenye kisirani. Nyuma ya bata mzinga huyo atatokea mwanamke mfupi, mweusi wa kung'aa, kilemba kimelala upande mmoja. Atakuangalia kuanzia chini kwenda juu, atarudi chini tena, kisha atakuuliza, "Hivyo viatu umekuja navyo shamba au unakwenda harusini?" Ukicheka, umefaulu. Ukinuna, utapewa ufagio wa banda la bata, na utafagia mpaka ucheke.

Jina analo, nami nalijua, ila halitumiki. Bibi Shamba walimpa watoto wa wageni, likamkaa. Mimi namwita hivyo mbele za watu tu. Tukiwa wawili yeye ni Mmatumbi na mimi ni Mdengereko, maana wazazi wake na wa marehemu mumewe walishuka kutoka milima ya kusini, na sisi walitukuta hapa hapa bondeni. Kwa hiyo ni watani. Asiyeujua utani nimweleze: ni ruhusa ya kutukanana, kunyang'anyana na kuaibishana mchana kweupe, na anayekasirika ndiye anayeonekana hakulelewa. Wengi siku hizi wanataniana kwa adabu, mara moja moja, kama watu wanaoonja pilipili. Bibi Shamba anakula pilipili kwa kiganja.

Tulijuana kwenye cherehani yangu. Nilikuwa ndiyo kwanza nimepata baraza la kushonea karibu na soko la Kibiti, sina wateja, nimekaa napiga miayo. Akaja na gauni limechanika kwapani, akaliweka mezani, akasema, "Nimesikia Wadengereko nao siku hizi wanashona. Sikuamini, nimekuja kuona kwa macho yangu." Nikamjibu kwamba nami nilisikia Wamatumbi siku hizi wanavaa nguo, nikadhani ni uvumi. Akakaa. Alikaa mpaka adhuhuri, akanimalizia karanga zangu zote, na alipoondoka alikuwa ameniletea wateja kwa kuwaita wapita njia waje waone maajabu. Tangu siku hiyo nimekuwa mtu wake, nami sijawahi kujuta.

Shamba lenyewe halikupangwa na mtu. Kulikuwa na familia moja ya Dar iliyokuwa inasafiri kwenda kusini, gari lao likachemka, baba wa watu akashuka kuomba maji ya rejeta. Wakati anasubiri gari lipoe, watoto wakawaona bata, wakaona kanga wanakimbizana, wakamwona kobe mzee anayeishi chini ya ghala. Kisha wakaona kinu. Binti wao mmoja akauliza hicho ni nini, na Bibi, badala ya kumweleza, akamkabidhi mchi na mpunga. Yule mtoto alitwanga huku ulimi umemtoka pembeni ya mdomo kwa bidii. Gari lilipopoa, hakutaka kuondoka. Hata baba yake hakutaka, ila aliona haya kusema. Baada ya muda si mrefu wakarudi na ndugu zao, na hao ndugu wakaja na majirani zao, na leo siku za sikukuu magari yanajipanga mpaka kwenye mikorosho.

Methali inasema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Yeye anaona huko ni kupoteza wakati. "Kwangu mnafikia siku ya tatu," huwaambia wageni, na hapo hapo anaanza kugawa kazi. Huyu atakuna nazi, yule atamenya mihogo, wale wawili wenye simu kubwa watachota maji. Nimewaona watu wazima wenye vitambi vya ofisini wakibeba mavi ya bata kwa ungo, wanacheka, wanapigana picha, halafu jioni wanamshukuru kwa moyo wote. Mara moja nilimuuliza haoni haya kuwafanyisha watu kazi za shamba lake na bado wanampa na shukrani. Akanitazama kwa huruma. "Mdengereko, mimi siwafanyishi kazi. Nawafundisha historia. Historia ina mavi mengi."

Kinachopendwa kuliko vyote ni dungu. Ni kibanda cha nguzo ndefu kinachosimama katikati ya mpunga, unakipanda kwa ngazi, na zamani familia nzima ilihamia humo msimu wa mpunga na kula na kulala juu, maji yakipita chini. Ukiwa juu ulilinda ndege mchana na nguruwe usiku. La kwake amelijenga mwenyewe na mumewe, na baada ya mume kufa analiezeka upya kila makuti yanapochoka. Kutoka juu zimetandazwa kamba kwenda pande zote za jaruba, yaani kile kipande cha shamba la mpunga, zimening'inizwa makopo matupu, ukivuta kamba moja makopo ya upande ule yanapiga kelele na kwelea wanaruka kundi zima. Zimewekwa kwa ajili ya watoto. Lakini nimeshuhudia akina baba wakiwaambia watoto wao, "Ngoja kidogo, baba akuonyeshe," halafu hiyo kamba hairudi tena. Kuna mmoja aliivuta mpaka mkewe akaja kumshusha kwa chakula, na akashuka amenuna.

Juu ya dungu ndiko anakosimulia habari za kiboko. Kiboko wa asubuhi alikuja akala mpunga wa jaruba zima, akaondoka. Kiboko wa mchana aliegemea nguzo akajikuna mgongo mpaka masufuria yakaanguka. Wageni wa alasiri wanapata kiboko aliyeingiza kichwa mlangoni akamkuta mume wake anasali, akasubiri amalize. Nilimwambia wazi kwamba siku moja wageni wa asubuhi watakutana na wa alasiri huko Dar na wataulizana. Nikataka aniambie ni kiboko yupi wa kweli.

"Wote wa kweli," alisema. "Walikuwa wengi."

Mimi humkumbusha kila nikipata nafasi kwamba dungu ni letu, ni maisha ya watu wa bondeni, na kwamba Wamatumbi wameshuka mlimani wakatuibia wakaligeuza la maonyesho. Hakatai kwamba walilikuta. "Tuliwakuta mmelala ndani," anasema, "ndege wanakula. Tukawaamsha." Kisha huwageukia wageni na kuwaambia kwamba huyu mama anayepiga kelele ni sehemu ya wanyama wa shamba, wasiogope, amechanjwa. Watoto wanacheka mpaka wanakaa chini, nami nabaki natafuta jibu ambalo kwa kawaida linanijia nikiwa nimeshafika nyumbani.

Msije mkadhani ni mtu wa zamani kweli kweli. Ana simu yenye vioo viwili, cha mbele kimepasuka, na tamthilia zake hazikosi. Wageni huwaonyesha mafiga matatu na kuni, huwafundisha kupuliza moto kwa mrija wa bomba, moshi unawaingia machoni, wanalia, wanasema kweli bibi zetu walipata tabu. Siku moja nimeingia nyuma ya jiko lake bila kubisha nikamkuta amejificha na jiko la gesi, chai inachemka, mguu mmoja juu ya mwingine. Nilimuuliza historia imekwenda wapi.

"Historia ya wageni," alisema akimimina chai. "Mie nina njaa."

Akanipa kikombe ili nisimseme. Nimemsema kwa watu wengi sana.

Na kuna habari ya ng'ombe. Watu wa bonde letu tangu asili si watu wa ng'ombe. Tunajua kuku, bata, mbuzi kidogo, na samaki, basi. Ng'ombe wameletwa na wafugaji waliohamia siku za karibuni. Sasa watoto wa Dar wakawa wanamuuliza, "Bibi, ng'ombe yuko wapi?" Akiwaambia hakuna, wanamwangalia kama amewadanganya, kwa sababu kwenye vitabu vyao vya picha shamba lina ng'ombe. Mtoto mmoja alimwambia kwa upole kabisa kwamba basi hili si shamba, ni uwanja. Hilo neno lilimchoma. Siku ya pili yake alikwenda kwa mfugaji mmoja Msukuma akamwambia anataka ng'ombe jike, mzuri, mtulivu, mwenye heshima zake. Akaletewa. Alikuwa mzuri kweli, rangi ya kahawia, macho makubwa, mtulivu kama maji ya mtungi.

Tulianza kusubiri maziwa. Nasema tulianza kwa sababu nami nilikuwamo, nilinunua ndoo. Kila asubuhi Bibi alimpelekea majani mabichi na maji, akasimama mbali naye, akatazama. Maziwa hayakuja. Tukaambiana labda amechoka na safari. Tukambadilishia majani. Jirani mmoja akasema labda anaona haya, tumwekee pazia, na tuliliweka, kitenge changu kizuri kabisa. Bado hakuna kitu. Mwishowe yule Msukuma akapita kusalimia, akaikuta ndoo, pazia na sisi wawili tumeinama. Alipoelewa tunachofanya alikaa chini mchangani akacheka mpaka akavua kofia.

"Bibi," alisema, "huyu bado msichana. Hajazaa."

"Mbona hukunambia?"

"Hukuniuliza maziwa. Uliniuliza heshima."

Bibi hakuwahi kumrudisha. Ng'ombe yupo mpaka leo, ameshazaa mara kadhaa, na binti wa jirani humkamua mbele ya macho ya wageni. Bibi mwenyewe hamsogelei. Mwanamke aliyefukuza nguruwe pori kwa mwiko hupita mbali na ng'ombe wake, ameshika ukuta. "Kiboko namjua tabia," anasema. "Huyu ananitazama tu, hasemi anachotaka."

Ana mambo mengine yanayoniudhi. Hapigwi picha mpaka abadili kanga, na kubadili kanga kunachukua muda wote ambao mtu mwingine angepika wali. Hasemi ahsante. Nikimshonea gauni bure analivaa, anajigeuza, anasema mkono wa Kidengereko umembana kifuani. Lakini nimemwona siku nzima akiwa na kitoto kimoja kilichoogopa kila kitu, kuku, mbuzi, hata majani. Hakukilazimisha. Alikikalisha karibu na kuku aliyekuwa anataka kutaga, akakinyamazia, na yai lilipotoka akakiwekea mkononi likiwa bado na joto. Kile kitoto kililishika yai lile mpaka wazazi walipoondoka, na nadhani lilifika Dar. "Mtoto asiyechafuka ni mgonjwa," husema. Akimwona mama anamfuta mtoto wake vidole kila dakika, humpa huyo mama unga wa muhogo aukande.

Baba yangu alipofariki, nilikuwa sijui kama nitaweza kusimama. Tulikuwa tumerudi kutoka mazikoni, wanaume nje, sisi wanawake ndani kwenye mikeka, mimi na mama na binti yangu. Mlango ukafunguliwa akaingia baba yangu. Yaani alikuwa ni Bibi Shamba amevaa koti la baba, kofia ya baba, na miwani yake iliyofungwa uzi upande mmoja, anatembea kwa mwendo wa baba wa kuburuza ndala. Akasimama katikati yetu, akakohoa kikohozi chake, akasema kwa sauti yake, "Nyumba hii tangu asubuhi hakuna chai?" Ndivyo alivyokuwa akisema kila siku ya maisha yake. Mama yangu ndiye aliyeanza kucheka. Nami nilicheka mpaka machozi yakatoka yale niliyokuwa nimeshindwa kuyatoa tangu juzi, na sikujua tena ninacheka au ninalia, na Bibi akakaa karibu yangu akiwa na lile koti, akanipa bega la koti nilalie. Kazi hiyo ni ya mtani, wala si hisani, lakini mimi nampenda kwa siku ile kuliko kwa mambo yote mengine.

Ana mtoto mmoja tu aliye hai, mwanamume, anauza vifaa vya ujenzi Mbagala. Ni mtu mwema, nasema kabisa ili msimwone mbaya. Alipoona mama yake anazeeka peke yake na bata, alimjengea chumba kwake, chenye choo cha ndani na feni. Kila Ijumaa baada ya swala alikuwa akimpigia simu, nami nimekuwapo mara nyingi nikisikiliza.

"Mama, lini?"

"Bata analalia, mwanangu. Akishaangua."

Na wala hakuwa anasema uongo, pale kwake hapakosi bata anayelalia. Akiangua huyu, mwingine anakaa. Kama si bata ni kanga, kama si kanga ni kuku wa mgeni aliyeachwa. Alipokata simu alikuwa akikifuta kile kioo kilichopasuka kwa upindo wa kanga. Mara moja tu aliniambia kilichomo moyoni. Alisema, "Nikienda kule nitakuwa mama wa mtu. Nitakaa kwenye kochi niulizwe nimekula. Hapa naulizwa kiboko alifanyaje." Halafu akanifukuza, akasema ninanuka cherehani.

Masika ya mwaka huu akaanguka kutoka kwenye ngazi ya dungu. Ngazi haikuvunjika, mkono ndio ulivunjika. Akafungwa plasta ngumu kuanzia kiganja mpaka kiwiko, akawa anawagongea nayo wageni mlangoni. Mwanawe hakupiga simu safari hii. Alikuja Jumamosi asubuhi na gari, amekwishapanga nani atachukua mbuzi na nani atachukua bata, na Msukuma ameahidiwa kurudishiwa ng'ombe. Nilimkuta anafunga godoro la mama yake juu ya gari. Uani kulikuwa na familia mbili za Dar zilizokuja kutembea bila kujua lolote, watoto wamekwisha kuchafuka. Bibi alikuwa amekaa kwenye kigoda, amevaa gauni nililomshonea, kilemba amekinyoosha. Hakunitukana. Hapo nilipata baridi.

Yule kijana, nasema kijana lakini ni rika langu, alinivuta pembeni. Macho yake yalikuwa mekundu.

"Dada, wewe anakusikia," alisema. "Mwambie apande gari kwa amani. Ningemkuta amelala chini ya ile ngazi, ningemwambia nini Mungu? Mama ninaye mmoja."

Alikuwa na haki. Ule mkono niliuona na mimi, na ile ngazi naijua. Nikamwangalia Bibi pale kwenye kigoda, mikono imewekwa mapajani kama mgeni kwenye nyumba ya watu, nikaona kwamba mwanawe akimchukua hivi hivi, atakayefika Mbagala hatakuwa yeye. Na kumbembeleza mwana sikuwa na nguvu hiyo, mimi si ndugu. Lakini nilikuwa na kitu kingine. Mtani ana haki ya kukamata. Akikamata kitu cha mtani wake, kuku, baiskeli, hata bwana harusi, mwenye mali hana ruhusa ya kukasirika wala kukinyang'anya kwa nguvu. Anakomboa kwa kile atakachotajiwa, na kubishana bei anaruhusiwa, kununa haruhusiwi. Nilikuwa nimevaa kanga mbili. Nikaivua ya juu, nikaenda pale kwenye kigoda, nikamzungushia Bibi kiunoni, nikaipitisha kiunoni kwangu, nikafunga fundo kama ninavyofunga mzigo wa vitambaa.

"Nimekamata," nikasema kwa sauti ya kusikika mpaka bandani. "Wamatumbi, njooni mkomboe mtu wenu."

Wageni wakadhani ni sehemu ya matembezi. Simu zikatoka. Mtoto mmoja akamuuliza mama yake kama hii ndiyo historia, mama yake akamwambia anyamaze atazame. Mwanawe Bibi alisimama na kamba ya godoro mkononi.

"Dada, leo si siku ya utani."

"Utani hauna siku."

"Nina safari."

"Nenda. Mateka wangu anabaki."

Akamtazama dereva wa bodaboda aliyekuwa amenileta, akitafuta mtu mzima wa kumsaidia. Yule dereva akainua mabega. "Kaka, hiyo mila. Lipa tu," akasema, akakaa vizuri kwenye pikipiki yake aone mwisho. Basi mwana wa watu akapumua, akaingiza mkono mfukoni, akaniuliza nataka kiasi gani. Nikamwambia hela za Mbagala hazinunui Mmatumbi. Nataka mpunga. Gunia moja, wa jaruba lile la mama yake, alioupalilia na kuuvuna kwa mikono yake mwenyewe, si ya kibarua. Siku atakayoliweka mbele yangu, nitafungua fundo na atamchukua mama yake akitaka.

Akageuka kulitazama jaruba. "Lakini mpunga uko magotini!"

"Ndiyo. Anza na magugu."

Nikaona anataka kukasirika. Akanitazama mimi, akamtazama mama yake, akawatazama wale watoto wenye matope waliomkodolea macho. Sijui ni nini kilichomshinda, labda ni mama yake, ambaye alikuwa amekaa pale amefungwa kiunoni kama mzigo, anatazama mbele, ameuma midomo kuzuia kitu. Mara mdomo wa yule bwana ukapinda upande mmoja, vile vile unavyopinda wa mama yake kabla ya tusi.

"Mtani," alisema, na ndiyo mara ya kwanza aliniita hivyo. "Nina masharti. Ngazi hapandi mpaka mkono upone. Halali peke yake, utamleta binti yako alale naye. Na Jumamosi nikija, nikute chai."

Nikamwambia masharti yote nimekubali, chai atapikiwa kwa gesi. Bibi akanipiga kwa plasta.

Akavua viatu. Vilikuwa vya kwenda harusini, lakini hakuna aliyethubutu kusema. Akakunja suruali, akaingia jarubani, akainama, na watoto wa wageni wakamfuata bila kuambiwa. Godoro lilibaki juu ya gari. Akang'oa fungu la kwanza la majani, akalitupa, akang'oa la pili kwa nguvu zaidi.

"Mwanangu," Bibi akamwita kutoka kwenye kigoda, "huo ni mpunga."

Alisimama na ule mpunga mkononi, akaucheka mwenyewe, akaurudishia matopeni kwa vidole na kuukandamiza. Akamuuliza mama yake magugu yakoje, naye akaanza kumwelekeza kwa ule mkono mzito, kushoto, si hapo, hapo, na sauti yake ilikuwa imerudi yote.

Nikamwona amejisogeza upande wangu. "Mdengereko," akaninong'oneza, bila kuacha kumtazama mwanawe. "Gunia moja? Mimi mzima hivi, na meno yangu, gunia moja?"

"Nilitaka kusema debe," nikamwambia, "nikaona haya mbele ya wageni."

Mabega yake yakaanza kutikisika, na kwa kuwa tumefungwa pamoja nami nikatikisika. Kanga ilikuwa imeanza kunibana, nikapeleka mkono kulegeza fundo. Akaushika mkono wangu kwa vidole vyake vilivyotoka kwenye plasta, akauondoa.

"Acha," alisema. "Hajalipa."